Alama za Masikio

Muuguzi amekuja kutoka Akureyri na maneno matatu
ndani ya bahasha: kijiko, daraja, manjano.
Yashike, Hallbera, amesema. Nitakudai baada ya dakika tano.
Bibi ameyapokea kama mtu anavyopokea chenji,
bila kuhesabu.

Dakika tano si kitu. Birika limechemka,
mbwa ameomba mlango, theluji imeteleza juu ya bati
ikaanguka kwa kishindo.
Maneno yamekwenda nayo.
"Sikupewa chochote," bibi amesema, akafungua viganja vyote viwili
asachiwe.

Muuguzi ameandika. Mimi, kwa ukaidi, nimeuliza:
Kulia ncha imekatwa, kushoto pengo kwa nyuma?
Hata hakugeuka.
"Za Kaldbak. Za Sigurlaug, kabla hajamuuzia mpwa wake."
Kulia mkia wa mbayuwayu, kushoto tobo?
"Za yule mlevi wa ng'ambo ya mto. Mtu mzuri, kondoo wabaya."
Alama thelathini na moja nimeuliza. Thelathini na moja amejibu,
huku akikoroga kahawa kwa kile kijiko
alichokisahau.

Mwezi wa Mei ndipo alama hutiwa.
Unambana mwanakondoo katikati ya magoti,
unasikia moyo wake ukikimbia ndani ya paja lako mwenyewe,
kisha kisu, tone, kilio, basi.
Asiyelia hukumtia alama, bibi alinifundisha,
umempapasa tu.
Maneno ya muuguzi hayakulia.

Halafu unawaachia mlima.
Watu hudhani kukumbuka ni ghala, kufuli, funguo kiunoni.
Huku kwetu hakuna ghala. Kuna mawe na majani mafupi,
na kiangazi kizima kondoo wanatembea katika usiku usio na giza,
wanachanganyika, wananenepa tusipowaona,
mmoja anatumbukia katika ufa wa barafu na hakuna anayesikia.
Mali bila daftari huisha bila habari.
Daftari letu ni sikio, nalo lina miguu minne.

Septemba tunapanda na farasi kuwarudisha.
Siku tatu, ukungu mdomoni, kelele mpaka sauti inakauka.
Unamtafuta huyu, anakuja yule ambaye hukumwita.
Mwingine unamwona ng'ambo ya korongo, unajua ni wako,
unaujua mwendo wake, yuko kwenye ncha ya ulimi,
hashuki.
Anashuka Jumatano, wewe umeshalala.

Wala hakuna arudiye kama alivyokwenda.
Bibi humwona kaka yake Ketill zizini, mwaka wa ile theluji ya mapema,
amebeba kondoo jike mabegani, anacheka.
Jiwe la kaburi la Ketill lina tarehe
ya miaka miwili kabla ya theluji hiyo.
Sijawahi kumsahihisha. Nitamsahihisha kwa mdomo upi?
Mimi mwenyewe naziona glavu zake bibi, nyekundu,
pale langoni, anavyozivua kwa meno apate kushika masikio.
Picha ya rangi ninayo. Glavu ni za kijivu,
na nyuma ya picha umeandikwa mwaka
ambao sijazaliwa.

Jioni, gari la muuguzi limeshavuka daraja
(lile jingine alilolisahau),
bibi ameniangalia
kwa muda mrefu kuliko unavyomwangalia mtu wa nyumbani.
"Na wewe, ni wa nani?"

Nilikuwa na jibu. Nilikuwa na jina, na jina la mama,
na shamba, na miaka yote niliyolala chumba kile cha kaskazini.
Kabla sijafungua kinywa mkono wake umepanda,
kidole gumba kimepita ukingo wa sikio langu la kushoto,
polepole, kwa nyuma, kikishuka,
hadi pale waya wa lango uliponichana nikiwa na miaka minne.
Kimesimama.

"Huyu wa kwetu," amesema, si kwangu, kwa mbwa labda,
akanisogezea kikombe.