Sauti ya Nne

Mwalimu Kileo wa kwaya amekuja na daftari lake:
wimbo wa kuingilia, wa pete, wa kutokea;
kinanda peke yake, au kinanda na kwaya,
au vijana wa spika kubwa kutoka Majengo.
"Chagua, binti. Kadi zimeshachapwa."

Shangazi Ndeambilisia anautaka ule wa kila harusi,
ule unaowapigisha magoti wapiga video.
Mshereheshaji amenitumia nyimbo kumi na saba kwenye simu,
zote zinanipenda kwa sauti ileile.
Nilizisikiliza nikichambua mchele.
Mchele ukaisha, sijachagua.

Nikamwambia Mwalimu: nautaka ule wa do, so, do.
"Upi?"
Do, so, do, do, halafu kimya, halafu fa, unashuka.
Akacheka, akafunga daftari.
"Huo si wimbo, mwanangu. Hiyo ni sauti ya nne."

Najua.

Baba alipiga tuba kwenye matarumbeta ya usharika
miaka ishirini na miwili, safu ya nyuma.
Mchana alishona sare za shule Kiboriloni;
jioni alikaa juu ya kreti la soda nyuma ya nyumba,
amelipakata lile dude
kama mtoto mkubwa aliyechelewa kuacha kubebwa,
akifanya mazoezi ya fungu lake, fungu lake tu.
Ng'ombe wa jirani alimjibu. Tulimwita mwanakwaya.
Na pale penye kimya, mipigo minne,
baba alitoa mdomo, akapaza: "Kuku hao!"
(maharage yalikuwa yameanikwa)
akarudi kwenye fa bila kuchelewa.

Mimi nilidhani wimbo ndio huo.
Nililala nao, nilichotea maji nao,
niliufundisha darasa la pili zima, wakanishangaa.
Hadi Pasaka moja nikakalishwa benchi la mbele,
nikasikia wimbo mwingine unapita juu ya baba,
mwembamba, unang'aa, wa watu wote,
nikaangua kilio.
Mama alidhani viatu vinanibana.
Sikuwa na maneno ya kumwambia
kwamba wamemfunika.

Sasa amelala Mbokomu, kando ya migomba, mwaka wa sita huu,
na tuba anayo Godlisten, kitinda mimba wa mama Ufoo,
miaka kumi na sita, midomo mikavu.
"Peke yangu?" akauliza. "Bila wenzangu? Watu watacheka."
Watacheka, nikamwambia. Wewe piga.

Anaeli nilimwimbia kwenye simu, yuko Usa River
amelala chini ya pampu ya maji ya mtu.
Akanyamaza. Nikajua salio limekata.
Kumbe anahesabu.
"Rudia pale pa kimya," akasema,
"nijue utakuja na mguu gani."

Jumamosi, mlima umejifunika,
kawaida yake siku tukiwa na wageni.
Do. Mtoto mmoja akacheka kweli.
So. Shangazi akatazama dari.
Do, do, na kanisa zima linaniangalia
kama niliyekosea mlango.
Hakuna anayeujua. Mwalimu Kileo
anapekua vitabu vyake, kana kwamba ukurasa umepotea.
Nami natembea juu ya sakafu aliyoiweka baba,
noti moja moja, pana, za kukanyagika.

Kisha pale pa kimya.
Nikasimama.
Moja.
Mbili.
Godlisten anajaza mashavu.
Tatu.
Na kutoka benchi la kwanza, chinichini,
mama, kashika pochi kwa mikono miwili, macho mbele:
"Kuku hao."

Fa.