Ngeli ya Mahali

"Unamtaka wa upande gani?" aliniuliza Sajini Wepukhulu,
kalamu juu ya daftari, macho juu ya mfuko wangu.
Nikamwambia: wa Kisauni, darasa la nne,
dawati la tatu, dirishani. Akacheka kwa pua.
"Mama, hapa twagawa kwa kifungo, si kwa dawati."

Akanionyesha kwa kidole:
ule ukuta mrefu ni wa wazito, wa maisha na wa kitanzi;
huu wa mabati ni wa kati, miaka mitatu, minne,
hukata nyasi, hushona sare;
wanawake kule penye kamba za nguo;
wavulana wana lango lao;
na mahabusu, hao bado hawajawa kitu.
Hivyo ndivyo alivyosema: bado hawajawa kitu.

Miaka thelathini na mmoja nimefunza ngeli.
Mtu, watu. Mfungwa, wafungwa.
Kiziwi, kipofu, kijana:
hata ukivikwa KI, maadamu una roho
utasema kijana amekuja, hutasema kimekuja.
Sheria hiyo niliipenda kuliko zote.
Na sasa namsikia koplo mle ndani akiita,
"Leta kile cha mia sita na nne!"

Nyanje, mwana wa Mwachiro, PA na KU na MU zilikushinda.
Ulisema "humu nje", darasa likaangua kicheko,
nami, Mungu anisamehe, nilikuchapa viganja
kwa sababu ya silabi moja.
Wamekuleta huku kwa nyaya za shaba, kilo tisa,
za nguzo ya Bombolulu.
Mtaa mzima ulilala gizani, na harusi ya watu ikiwa katikati.
Sisemi hukukosa.

Neno lenyewe, gereza, wajuao husema lililetwa na Wareno;
kwao lilikuwa kanisa.
Sisi tulitazama tukaona kuta, tukaita tulichokiona.
Mamangu akiwa mtoto, pale Ngomeni palikuwa na wafungwa;
leo wageni hulipa kiingilio ili waingie,
na walioko Shanzu hawana cha kulipa watoke.
Na jina la huku: shimo, la tewa.
Samaki mnene, mdomo wazi,
akaaye pangoni mwake kwa hiari yake.

Mwezi wa kwanza nilikosea lango mara mbili.
Sabuni ya mche, dawa ya meno, mkate wa mofa
uliokatwakatwa na askari
akitafuta, nadhani, msumeno ndani ya unga.
Mwezi wa pili ulitoka, kichwa kimenyolewa, sare ya milia,
wavu kati yetu.
Nikakuuliza usingizi. Ukasema:
"Humu mna joto, Mwalimu. Humu hamlaliki."
Humu. Mna. Hamlaliki.
Mkono wangu wa kulia ukachora tiki hewani
kabla sijauzuia.

Leo Sajini apekua daftari, kurasa tatu, nne.
"Huyu kapandishwa daraja. Aliondoka Jumanne, na lori. Bara."
Kapandishwa! Nilikuwa nikisubiri neno hilo kwako
tangu ulipokuwa na meno ya utoto.
Bara wapi?
"Kule juu."
Kule juu wapi, mwanangu, kuna mji gani, kuna basi gani?
"Kule."

Maelfu ya watoto nimewaambia
KU ni mahali pasipojulikana mpaka wake.
Mfano niliotoa siku zote ulikuwa sokoni.

Nimesimama kando ya lango na mche mzima wa sabuni,
jua la saa sita limebakisha kivuli chembamba cha ukuta,
nami nimejibanza humo.
Askari mdogo, sauti bado haijakomaa,
anisogelea kwa adabu:
"Mama, hapo hapakaliwi."
Kweli.
Na ngeli kaipatia.