Hamsa Ishirini

Bibi yangu Nafisa alipohesabu mikate ya mofa
akifika ishirini na nne hunyamaza.
Wa ishirini na tano hauuzi.
Huufunika kwa kawa, akampa wa kwanza kupita:
mwehu, mtoto wa chuoni, karani aliyechacha.
Nilimuuliza mara moja tu.
Namba hiyo ina damu, akasema. Nipishe nikande.

Baba yake alikuwa Mitwali, mtu wa Misri ya chini,
mtoto wa pamba asiyopata kuivaa.
Baba wa Mitwali walimfuata shambani na kamba,
wakampeleka kuchimba mfereji wa Suezi.
Koleo hakupewa. Alichota mchanga kwa viganja,
mkate mkavu kiunoni, kikapu kichwani,
na meli ya kwanza ilipopita, bendera na tarumbeta,
yeye alikuwa chini, sehemu ya ukingo.

Deni likabaki kwa walio hai.
Pasha alikopa, mkulima akalipa:
kodi ya mtende, kodi ya chumvi, kodi ya kondoo aliyekwisha kufa,
na asiyenacho akalazwa, nyayo juu.
Kurbaji, ndivyo walivyoiita. Ngozi ya kiboko
iliyoshuka na mto
kutoka huku kwetu.

Siku moja maafisa wana wa wakulima wakasema: Basi.
Mitwali akawa nyuma yao na bunduki
kule Tel el-Kebir, ambako Mwingereza alikuja usiku
na vita vikaisha kabla ya chai.
Jeshi likavunjwa. Miaka saba aliuza maji Kairo,
kiriba mgongoni, kengele ya shaba mkononi,
mpaka Mdachi alipokuja na daftari la mishahara.
Hakuuliza ni wapi. Aliuliza ni kiasi gani.

Akashuka Bagamoyo na tarbushi nyekundu.

Uani mwa boma walimlaza Kingaru wa Kaole.
Kodi ya nyumba, rupia tatu.
Mitwali akakabidhiwa kiboko.
Akaijua ile ngozi. Ikamjua.
Akahesabu kwa lugha ya mama yake
maana hakuwa na nyingine ya kuhesabia:
wahed, itnen, talata,
hata mji mzima ukajifunza Kiarabu kwa mgongo.
Bibi alisema baba yake hakupiga kwa hasira.
Kingaru, mwenye mgongo, hakuiona tofauti.

Nafisa aliolewa na mwana wa Kingaru.
Mahari, rupia tatu. Si utani.
Kwa hiyo mimi nina mkono ule na mgongo ule,
na kiuno kinachouma nikiinama tanuri.

Januari ile, kwa kinyozi Shekue, pale Magomeni,
televisheni ilijaa watu hadi pembeni.
Tarehe, alisema mtangazaji, ishirini na tano.
Nilishtuka peke yangu. Shekue aliendelea na kidevu cha mtu.
Kule uwanjani walikuwa wakidai: Aish!
Kwao ni mkate. Kwetu ni kuishi.
Neno ni moja, ila letu limebaki bila unga.

Mkubwa akaondoka. Askari wakabaki.
Mwaka wa pili ukaja uwanja mwingine,
vifaru, maiti chini ya mashuka ya maua,
na kijana mwenye kofia ya chuma akimkokota kijana.
Nikautafuta uso wa Mitwali chini ya kofia.
Ulikuwepo.
Ulikuwepo pia chini ya buti.
Shekue akabadilisha, akaweka mpira.

Leo alfajiri nimekanda, nimepanga, nimehesabu.
Ishirini na tatu. Na nne.
Wa kwanza kupita alikuwa polisi, mtoto mdogo bado,
sare imempwaya, ametoka lindo la benki.
Nimeinua kawa.
Akauliza bei.
Nikamwambia: Ule umekaa, mwanangu.
Mikono yote miwili.