Mstari wa Tano

Uma una meno manne.
Baba aliuchovya kwenye wino, akauburuta
juu ya karatasi kuukuu za bandarini,
upande usio na hesabu ya marobota,
kisha akanisogezea rula: "Resti, wa tano ni wako."
Nilikuwa na miaka minane. Mkono ulitetema.

Kabla ya hapo alikuwa Salvatori Mdomo wa Shaba,
tarumbeta ya kwanza kule Mchikichini,
Jumamosi hadi majogoo, shati limegandana na mgongo,
watu wakimbandika noti kwenye paji la jasho.
Jazz, walisema, na jazz kwao ilikuwa hiyo:
rumba, chupa inayogongwa kwa kijiko,
na Mngoni anayepuliza kama anayedai deni.

Halafu meno mawili ya mbele.
Si ajali, si ugomvi. Ufizi tu,
na daktari wa Muhimbili aliyesema "pole" bila kuinua kichwa.
Tarumbeta ikaingia uvunguni, jirani na viatu vya msibani.

Ndipo akaanza kuwasikia wenzake.
"Nilipopuliza," aliniambia, "nilijisikia mwenyewe."
Usiku akawa anagawa:
saksafoni hii ishuke, ile ingoje,
besi ipite nyuma ya nyumba
kama jirani anayekwepa salamu.
Mama akipepeta mchele, yeye: "Usiache, hapo hapo!"
na kalamu inakimbia.

Wapigaji walinuna. Mbona mimi nanyamaza vipimo kumi na sita?
"Kunyamaza nako ni kazi."
Kazi isiyolipa, aliongeza mama.
Redio ilitoa bahasha nyembamba
na jina likasomwa vibaya: Mbawala akawa Mbwala.
Tulicheka wiki nzima. Yeye alicheka siku mbili.

Mwaka jana, ukumbini Upanga,
vijana walipiga kipande chake cha zamani,
kimenakiliwa kwa kompyuta, mistari imenyooka kama reli.
Kipimo cha arobaini, tarumbeta ikaingia
sauti moja juu ya ilivyotakiwa.
Nilijua. Pale mstari wangu ulipanda kilima,
na nota ikapanda nao.

Baba, miaka themanini na moja, akanifinya goti.
"Huyo wewe," akanong'ona.
Hakusema kama ni kosa.

Njia nzima hadi Keko alilalamikia ngoma:
zilikimbia, zilikimbia mno,
nani kawafukuza?