Bahasha ya Ngazini

Mkataba ulikufa tarehe thelathini na moja Oktoba,
saa sita usiku, bila matanga.
Juu, Lamara alikuwa bado anashona;
niliisikia cherehani yake ikitembea darini kwangu
kama mtu asiyejua kwamba njia imekwisha.

Wakili Vazha alikuwa amenionya, kidole juu:
"Mzee Otia, kuanzia kesho usipokee kitu.
Hata senti. Ukipokea kodi umeufufua mkataba,
na maiti akifufuka, kumzika tena ni kazi."

Novemba mosi nikaikuta bahasha chini ya mlango:
lari mia sita, noti zimepigwa pasi.
Nikapanda ngazi kumi na nne, magoti yakilia,
nikaipenyeza chini ya mlango wake.
Asubuhi imeshuka.
Jioni nikaipandisha.
Desemba theluji ikaangukia Kutaisi, uani pakawa peupe,
na bahasha inapanda, inashuka,
kila mwezi ikinenepa, pembe zimechakaa,
fedha pekee mjini isiyotakiwa na mtu.

Msinitazame hivyo.
Binti yangu Tsitsino anarudi kutoka Thesaloniki.
Miaka tisa amepiga deki sakafu za watu,
anarudi na watoto wawili na begi lenye zipu mbovu.
Nimlaze wapi, juu ya meza?
Nyumba ni mbili tu: ya chini ina ukungu na kikohozi changu,
ya juu ina jua.

Lamara analijua hilo jua. Amelishonea mapazia.
Kodi hakuichelewesha hata wiki aliyomzika nduguye.
Kosa lake nini? Kalenda.
Alipanga mpangaji, kalenda ikapangua.

Januari akashuka mwenyewe na chupa ya jamu ya forosadi,
za mti wetu wa uani, ambao mkataba haukuutaja.
"Hii si kodi," akasema.
Nikakiona kidole cha Vazha.
"Siwezi, Lamara."
Hakubisha. Aliiweka chupa kwenye ngazi ya saba,
katikati, si kwake si kwangu,
akapanda zilizobaki polepole, kama anazihesabu.

Hukumu ilitoka Machi. Dalali wa mahakama
alikuwa kijana mwenye mafua; alisoma majina yetu vibaya
akaomba maji ya moto.
Wanaume wawili waliibeba cherehani,
ikagonga ukuta kila kona, lipu ikadondoka,
na mimi, Mungu anisamehe, nikawaza bei ya lipu.
Lamara alinipa funguo. Hakulia. Alisema tu
dirisha la jikoni huinuliwa kidogo kwanza,
ndipo lifunge.

Usiku ule bahasha ilikuwa chini ya mlango wangu.
Lari elfu tatu, zimenyooka.
Nikaichukua, nikaanza kupanda kuirudisha,
mazoea yana taabu,
na ngazi ya saba ndipo nilipokumbuka kwamba juu hakuna mtu.
Chupa ilikuwa palepale, vumbi kifunikoni.

Nikaketi. Nikaifungua.
Vazha, wewe uliyesoma, niambie:
kidole kimoja cha jamu, gizani,
hukumu ikiwa imeshatoka,
kinafufua nini?