Spana ya Karani

Jina lake hasa lilikuwa Kirani,
lakini Nachingwea nzima ilimwita Karani,
ingawa hakuwahi kushika daftari.
Alishika spana, namba kumi na tisa,
na sigara iliyokataa kuzimwa na mvua.
Ulikuwa mwaka wa arobaini na tisa, mwaka wa karanga
zilizostawi zaidi kwenye makaratasi ya Londoni.

Babu yangu Nampota alikuwa tandiboi wake.
Alilala chini ya katapila, grisi mpaka kwenye nyusi,
akiamini wazungu wote ni mzungu mmoja,
hadi siku msimamizi alipomfokea Karani
vilevile anavyofokewa Mmwera.
Karani akatema mate.
Akasema, kwa Kiswahili chake cha gereji:
"Huyu alitawala sisi kabla yenu. Miaka mia saba."
Babu akaangusha bolti.

Chai ilichemka kwenye kopo la maziwa,
na Karani akamsimulia habari za Donaka,
mpanga chapa aliyegeuka kamanda,
aliyepita kizuizi cha askari na jeneza la bunduki,
wanawake nyuma yake wakilia machozi ya kweli,
maana hakuna aliyewaambia kuwa maiti hayumo.
Alifungwa, akagoma kula, akatolewa mifupa.
Akapigana mpaka Mwingereza akaomba meza.
Akasaini. Nchi ikakatwa,
kipande kimoja kikabaki kwa mwenyewe wa zamani
kama jino bovu lililoshindikana kung'olewa.
Nusu ya wenzake wakasema: ametuuza.
Wakamvizia kwenye kona ya barabara ya kwao,
watu waliokula naye viazi vya sufuria moja.

"Nani alifyatua?" babu akauliza.
Karani alikunja kitambaa cha mafuta, akakikunjua.
"Baba yangu alikuwepo pale," akasema.
"Sijui upande gani."

Mradi ukafa. Karani akapanda meli Mtwara
bila kuaga, spana kaiacha juu ya kiti.
Babu akaingia siasa, akauza kadi za chama
akizificha kwenye mpira wa baiskeli,
na nyuma ya kadi yake mwenyewe, kwa penseli,
mtu ambaye hakumaliza darasa la nne akaandika:

*Kwa Mwingereza katoka, hakuguswa na risasi,*
*Nyumbani alipofika, ndugu kashika nafasi,*
*Damu moja kumwagika, haifutiki upesi,*
*Uhuru tukiushika, tusichinjane na sisi.*

Baadaye wakaja vijana kutoka ng'ambo ya Ruvuma,
wakapiga kambi pale karanga zilipogoma.
Babu aliwafundisha kufungua injini ya lori
kwa spana ileile, na kabla ya kuwaruhusu waifunge
aliwasomea ubeti.
Atanasi, mwepesi wa mikono kuliko wote, alicheka:
"Sisi, mzee? Sisi ni kitu kimoja."
Sabini na tano wakapandisha bendera yao,
babu akachinja jogoo.
Sabini na saba redio ikaanza kusema mengine.
Ndugu na ndugu. Barabara, kona, kichaka.
Barua ya Atanasi haikuja.
Babu aliizima redio, akaipasua kwa skrubu,
akasema ina hitilafu,
akakaa na vipande vyake mapajani hadi adhana ya alfajiri.

Juzi mwanangu Salma alipewa kazi ya nyumbani:
taja shujaa mmoja wa ukombozi.
Akaandika Donaka.
Mwalimu akachora mstari mwekundu: *Hayumo kwenye mtaala.*
Pembeni, kwa wino uleule, kidogo sana:
*Aliuawa na nani?*

Nimeisoma alama hiyo ya kuuliza mara nyingi.
Spana iko kwangu, dukani, naitumia kwenye bodaboda,
ingawa bolti za namba kumi na tisa zimekuwa adimu
na meno yake yameanza kuteleza.
Kesho Salma ataniuliza ajibu nini.