Chumvi ya Bahi

Mbuga ikikauka, ardhi huamka nyeupe.
Mbeho huikwangua kwa kigae,
huichuja tone kwa tone kibuyuni,
huichemsha mpaka macho yawashe.

Babu yake aliibeba hadi Kondoa,
akarudi na majembe.
Jembe moja lingalipo, limeliwa likabaki kiganja.

Siku hizi chumvi huja na lori,
nailoni kavu, nyeupe kuliko meno.
Yake ina rangi ya vumbi;
hununuliwa na wenye ng'ombe.

Juzi vijana walipita na kisanduku,
kikalia tititi juu ya udongo.
"Kuna nini humo?"
"Bado tunapima, mama."

Alichovya kidole, akaonja.
Chumvi ile ile.

Usiku alihesabu vigingi walivyopigilia:
kumi na kimoja,
kimoja katikati ya mafiga.